Kigelegele cha Shangazi Yangu Kimetumika Kumfukuza Sokoni

Bi Hyasinta, shikamoo.

Barua hii nimeianza mara nne na mara tatu nimeichana, maana mimi ni mtu wa haya, hata nikitumwa chumvi dukani husubiri watu wote wahudumiwe ndipo nisogee, lakini safari hii hasira imenizidi na nakuomba unisome mpaka mwisho. Nina miaka kumi na saba, nimemaliza darasa la nane, nimesomeshwa kwa Kiswahili na Kiingereza, na tangu mwaka jana nimeajiriwa katika studio moja hapa mjini inayotengeneza vipindi vya redio. Usidhani utanisikia. Kazi yangu ni watu wa ukumbini, wale sitini wanaokaa kwenye mabenchi kila Jumamosi tunaponasa kipindi cha nyimbo na vichekesho, ambao ninyi majumbani mnawasikia wakicheka na kupiga makofi.

Mimi ndiye ninayewakusanya mitaani, nawapanga, halafu nasimama mbele yao na kadi tatu, nyekundu makofi, njano kicheko, nyeupe kimya, na asiyejua kusoma anafuata rangi. Ni kazi yenye ufundi wake, ingawa nyumbani wanasema nalipwa kwa kuinua makaratasi. Mwenye kikohozi namweka nyuma, wanawake nawaomba wavue bangili kwa sababu mikrofoni inazisikia kama sahani zinazooshwa, na Mzee Mwinyimvua, ambaye huchelewa kuelewa mzaha, namweka katikati makusudi ili kicheko chake kije peke yake wengine wakiwa wamenyamaza, maana hapo ndipo ukumbi mzima huangua kicheko upya. Nikiwa na kadi mkononi simwogopi mtu.

Sasa yaliyonipata. Shangazi yangu Siwema, aliyenilea, anakaanga samaki pembeni mwa soko la Kariakoo pamoja na wanawake wenzake kumi na wawili, samaki wakitoka kwa wavuvi wa Feri asubuhi. Kigelegele chake kinajulikana mitaa mitano. Huanza chini kama mtu anayeita kuku, kinapanda, kinakatika mara mbili, ndipo kinakwenda juu kabisa, na hakuna mwingine anayekitoa hivyo. Mtoto akizaliwa Mtaa wa Sikukuu, watu wa Mtaa wa Kongo hupata habari kwa sauti ya Siwema. Mwezi wa tatu tulinasa kipindi cha nyimbo za harusi, nikamleta yeye na chama chake cha ngoma ya lelemama, wakafanya vizuri mno, na mimi mwenyewe nikaandika kwenye boksi la tepe tarehe, jina la kipindi, na maneno "vigelegele, safi".

Mwanzoni mwa mwezi huu mkubwa wangu, Bwana Isidori, aliniuliza bila hata kuinua macho, "Bibie, katika tepe zetu, kigelegele kizuri kuliko vyote ni kipi?" Nami kwa kujivuna, Bi Hyasinta, kwa kujivuna, nikamwambia ni cha shangazi yangu, nikaenda kabatini nikamletea boksi. Sikuuliza cha nini.

Jumanne iliyofuata, jioni, redio ya dukani kwa Bwana Hasmukh ilikuwa imefunguliwa kama kawaida na wakaangaji wanasikiliza huku wakigeuza samaki. Akaja hewani afisa mmoja kusoma hotuba, kwamba wanawake wanaokaanga pembeni mwa soko wataondolewa ifikapo mwisho wa mwezi kwa ajili ya usafi, na kwamba wenyewe wamekwisha kuarifiwa na wamefurahi. Alipotamka wamefurahi yakaja makofi, na juu ya makofi kikapanda kigelegele cha shangazi yangu, kikakatika mara mbili, kikaenda juu.

Nilikuwepo, nimekaa kwenye kibao nyuma ya shangazi. Nikaona mikono yote imesimama juu ya makarai.

Mama Seifu, mkaangaji mwenzake, akasema, "Siwema, hiyo si sauti yako?"

Shangazi hajui kusema uongo. Akajibu, "Ni yangu. Lakini mimi huko sikwenda."

"Kumbe kimekwenda chenyewe. Kilipanda basi, au kilitembea?"

Wakacheka, kisha wakaacha kucheka. Tangu siku hiyo wamesogeza majiko yao, yeye kabaki peke yake kama mwenye ugonjwa wa kuambukiza. Chama kimenunua sare mpya ya kanga, yake haikununuliwa. Kwenye harusi ya binti wa Mzee Mwinyimvua alipofungua kinywa tu, mwanamke mmoja akamwambia, "Kitunze, dada, kisije kikaisha, wakubwa watakihitaji." Shangazi akafunga kinywa akaangalia mkeka. Na zaidi ya hayo, wanawake walikwenda kwa kamati ya soko kusema hawakukubali kuondoka, karani akawauliza, mbona redioni tumewasikia mkishangilia? Wakarudi na hasira zote wakammwagia yeye.

Nilimwendea Bwana Isidori. Nikamuuliza kigelegele cha shangazi kilifikaje kwenye hotuba ile. Akasema, "Kigelegele ni kigelegele. Kikishaingia kwenye tepe ni cha studio." Nikamwambia ni cha mtu, na mtu huyo ana jina. Akasema, "Na boksi alilileta nani? Haya, nenda kawaambie, uone watamkasirikia nani kwanza. Na ukishawaambia, Jumatatu usije kazini." Kisha bila aibu yoyote akaniagiza Jumamosi ijayo nimletee wanawake wale wale wa lelemama, eti anataka aweke akiba ya vigelegele na vicheko kabatini.

Shangazi kaniambia, "Mwanangu, wewe ndiye uko huko ndani, niulizie sauti yangu ilifikaje." Nikamjibu nitauliza. Leo ni siku ya kumi na moja, kila jioni ananiuliza na kila jioni namwambia bado sijamwona mhusika, naye ananipakulia samaki, nami nakula.

Nikisema, nitapoteza kazi ninayoipenda na pengine nimpoteze na yeye. Nisiposema, mwisho wa mwezi anafukuzwa sokoni na wenzake wanaamini ndiye aliyewauza. Nifanye nini? Ukiichapa barua hii tafadhali ficha jina langu na la shangazi.

Msichana wa Kadi,
Kariakoo

JIBU LA BI HYASINTA

Marahaba, mwanangu.

Nilipoimaliza barua yako niliinuka nikaizunguka meza mara mbili ndipo nikaweza kukaa na kuandika. Wanawake kumi na watatu hawakuulizwa neno, wakajibiwa redioni kwamba wamefurahi. Bwana Isidori analijua kosa lake vizuri sana, ndiyo maana alikuwa na kitisho tayari hata kabla hujamaliza kusema. Mtu asiye na kosa angekuuliza kwanza una shida gani.

Sasa na wewe. Kuleta boksi bila kuuliza ni kosa la mtu anayeipenda kazi yake na kumpenda shangazi yake, na kwa hilo sikugombezi. Siku kumi na moja za "bado sijamwona mhusika" ni jambo jingine kabisa. Mhusika mmoja ulikwisha kumwona, na wa pili unamwona kila unapochana nywele. Wala usiniletee habari za haya. Mwenye haya hasimami mbele ya watu sitini akawaambia lini wacheke na lini wanyamaze. Wewe unaogopa kuonekana umekosea, na anayeulipia woga huo ni mwanamke aliyekulea, anayekaanga samaki wake peke yake huku wenzake wamempa mgongo.

Mwambie leo, kabla hajakupakulia chakula. Usianze na Isidori. Anza na "mimi ndiye niliyempa boksi", kisha mengine yafuate. Akikukasirikia kaa pale pale, usikimbilie uani.

Kesho asubuhi fuatana naye sokoni, wote wakiwepo, uyaseme hayo hayo. Watakutukana. Huyo Mama Seifu kwa jinsi ulivyomweleza hatakuachia mapema, basi mngoje amalize. Akishamaliza mpe karatasi. Karatasi hiyo uwe umeiandika leo: tarehe mliyonasa, kwamba kilikuwa kipindi cha nyimbo za harusi, siku boksi lilipotoka kabatini na aliyeliomba. Iandike kwa Kiswahili ili wanawake wasomewe na wairidhie, na chini yake kwa Kiingereza ili karani asipate pa kujificha. Weka sahihi yako na jina lako kamili. Tepe yenyewe usiiguse, wasije wakapata la kukushitakia. Mwandiko wako uko juu ya boksi, na kamati ikitaka kuuona itaagiza uletwe. Waende kwenye kamati wiki hii, wasingoje mwisho wa mwezi, na shangazi yako awe ndani ya msafara. Wakimwomba yeye aseme, aseme.

Jumamosi usimpelekee Isidori mtu hata mmoja. Kazi utaipoteza, sitakudanganya, na utalia, maana kwa unavyoieleza naona unaijua hasa. Ulie, kisha utafute mwenye ukumbi mwingine anayehitaji ufundi wako, na huko, ukiombwa sauti ya mtu, uulize inakwenda wapi kabla hujanyanyuka kitini.

Limebaki ombi lako la majina. Lako nimelificha kama ulivyotaka. La shangazi yako nimeliacha, kwa sababu yeye hana la kuficha, na waliomsikia redioni ni wengi mno kuwafuata mlango kwa mlango kuwaeleza ukweli. Gazeti linatoka Ijumaa asubuhi. Nakala ya jibu hili nimekupelekea kwa mkono leo Jumatano, ili Siwema ayasikie kwako kabla hajasomewa na mtu mwingine.