Dakika Arobaini za Getini

Nyumba ya mwisho,
Nyuma ya kiwanda cha nguo,
Jumapili, 9 Juni.

Mpendwa mpwa wangu, Mtaalamu wa ukoo,

Kaa vizuri, maana unaandikiwa na mkubwa. Mjomba wako nimepandishwa cheo: msimamizi wa wapiga pasi wote, nina meza, nina feni ya peke yangu. Na niliishia darasa la sita, kumbuka.

Haya, salamu sasa. Kile kifua kinasemaje? Unakula, au bado unashiba vitabu? Sisi wazima. Mgongo wa mama yako umetulia, ulimi, wapi.

Barua yako imefika. Kwa hiyo chuo kinataka Ijumaa usimame mbele ya waandishi wa habari useme ulikosea kwenye ule utafiti wako wa kiwanda chetu, la sivyo kazi ya kufundisha basi. Ulikosea wapi, mwanangu? Mwezi mzima ulisimama nasi getini, saa mkononi, ukipima foleni ya kupekuliwa kabla ya kutoka. Dakika arobaini kila siku, na kwenye mshahara hazimo. Mlinzi alikupa kiti ukakikataa. Wataalamu wengine wa uchumi wa kazi huanzia kwenye kompyuta. Wewe ulianzia kwenye visigino.

Jumatatu yule msemaji wa wenye viwanda alikuponda redioni, eti binti wa vitabu hajawahi kushika pasi. Nikapiga simu palepale. Nikamwambia, "Bwana mkubwa, huyo nilimfundisha mimi akiwa na miaka tisa, akaniunguzia suruali ya harusi. Wewe umeunguza ya nani?" Mtangazaji alicheka mpaka akakohoa. Nikataja jina langu, kitengo, hadi namba ya kitambulisho cha kazi, wasije wakasema ni mpita njia. Mke wangu anaita kiherehere. Mimi naita ushahidi.

Najua kinachokukosesha raha: kwamba usipofuta maneno yako, kiwanda kitatulipizia sisi. Sisi si mayai. Akina mama wa vifungo sasa wanaandika muda wa foleni kwa kalamu kwenye ngozi ya mkono, juu ya kiwiko. Karatasi hunyang'anywa kwenye upekuzi, ngozi hawaiwezi.

Ijumaa vaa lile gauni la bluu. Soma namba zako polepole, kama unamsomea mtu mwenye kichwa kigumu, maana ndio hao. Wakichukua kazi yao ya kufundisha, wachukue. Chumba cha nyuma nimekipaka rangi, na mlango nimeutengeneza, sasa unafunga.

Mama yako anakusalimu, babu anakusalimu, na mapacha wanauliza kama utaonekana kwenye televisheni au utasikika tu. Mungu akupe miguu mizito siku hiyo, wasikusogeze.

Wako akupendaye bila kipimo,
Mjomba.

Tena: mama yako atakuambia tu, bora usikie kwangu. Usifute hata dakika moja. Cheo hakuna, meza hakuna, feni hakuna. Walinifukuza kazi Jumanne.