Kidole Kidogo cha Mguu wa Kushoto

Mtoni, Dar es Salaam
22 Agosti 1954

Kaka yangu Anselmo,

Shikamoo. Naanza kwa kukujulisha kwamba sote tuliobaki nyumbani tu wazima, isipokuwa mama, ambaye goti lake lile lile linamsumbua asubuhi kukiwa na baridi. Shangazi Jovina anakusalimu bila kujua kwamba ninakuandikia, kwa maana kila akija hapa hutaja jina lako, mama akamkonyeza, naye akanyamaza. Wewe je, u mzima? Hewa ya Tanga inakukubali? Unakula vizuri?

Anwani yako nimeipata kwa Gaspar, utingo wa lori, ambaye alipita hapa akaniambia kwamba unapakua mizigo gatini na kwamba jioni bado unacheza winga ya kushoto. Nilifurahi mno, ila sikumwonyesha. Unanijua, mgeni akinisemesha ulimi hunikauka. Nilimwambia tu ahsante nikaingia ndani na kile kikaratasi, nikakiweka katikati ya kitabu changu cha jiografia. Nilidhani hakuna aliyeniona.

Sasa nikupe habari, nazo ni nyingi, kwa hiyo nitazipanga kama mwalimu wetu anavyotaka, cha kwanza kwanza.

Baba hachongi tena sanamu za kuuzia mabaharia. Ameajiriwa hapa hapa Mtoni, katika karakana ya viatu vya raba ya Bwana Zoeb. Najua utashangaa, baba na viatu vya michezo! Hata mama alicheka siku ya kwanza, kisha akajizuia. Bwana Zoeb alipata kazi ya kushona viatu vya wanafunzi watakaokimbia katika michezo ya shule mwezi wa kumi. Kabla ya hapo alikuwa akishona viatu vya watu wa mjini, akitumia kalibu kutoka Uingereza. Kalibu ni ule mguu wa mti unaovishwa kiatu wakati kinapotengenezwa ili kipate umbo. Basi viatu vile vilipojaribiwa na vijana wa shule moja ya Temeke, vilipasuka vyote mahali pamoja, ubavuni, vidole vikachungulia nje.

Bwana Zoeb alilaumu turubai. Alikuwa akinunua mahema ya jeshi yaliyobaki baada ya vita, akasema yameliwa na ukungu, akaagiza turubai jipya kutoka Bombay. Viatu vikapasuka tena. Akalaumu uzi, akautupa, akatafuta uzi mwingine na nta ya nyuki ya Tabora ya kuupaka. Vikapasuka. Alikuwa karibu kulaumu na mpira wa soli, unaotoka kwenye mashamba ya huko huko kwenu Tanga, ndipo Mfaume, ambaye kazi yake ni kuvuta turubai juu ya kalibu, alipovua makubazi na kuweka mguu wake mezani kando ya kalibu ya Kiingereza. Alimwambia Bwana Zoeb kwamba huo mguu wa mti ni wa mtu aliyevaa viatu tangu tumboni mwa mama yake, na kwamba sie huku vidole vyetu vimezoea kukaa kila kimoja na nafasi yake, kama watu wenye viwanja. Karakana nzima ilicheka, na Bwana Zoeb naye. Ndivyo alivyoanza kutafuta mchongaji, na akaelekezwa kwetu.

Baba alichonga kalibu za kwanza kwa mninga. Mpingo aliukataa, kwa kuwa haupokei vijimisumari vya kushikizia turubai. Mfaume akavaa viatu vilivyotokana nazo, akaenda navyo mpaka Mbagala na kurudi, akasema havimbani popote. Bwana Zoeb alifurahi, akamwagiza baba achonge kalibu za namba zote kwa kufuata zile za kwanza. Tangu siku hiyo nyumbani pamekuwa na utulivu. Baba huondoka asubuhi na tezo lake jipya la kuchongea, na jioni hurudi akinukia mninga.

Mimi nimeingia katika habari hii wakati wa likizo. Dada yake Bwana Zoeb, Mama Shehnaz, ndiye mkaguzi wa viatu vyote. Hakuna kiatu kinachotoka bila kupita mkononi mwake. Lakini vidole vyake siku hizi vimevimba kwa maradhi ya viungo, haviingii tena mpaka kwenye ncha ya kiatu. Alimwuliza baba kama ana binti mwenye mkono mwembamba na asiyependa maneno mengi. Baba akasema anaye, tena maneno hana kabisa.

Kaka, kazi ile niliipenda. Unaketi mbele ya meza. Unakunja kiatu mpaka ncha iguse kisigino, ukiangalia kama gundi inaachia. Unavuta kila kitundu cha kamba. Kimoja katika kila fungu kinalazwa ndani ya ndoo ya maji ya chumvi. Mwisho unafumba macho na kuingiza mkono ndani. Mama Shehnaz alinifundisha kwamba macho hupenda kuona kiatu kizuri, lakini mkono hauna haya. Kiatu kizuri nakiandika alama ya chaki kwenye soli. Kibaya nakitia katika kikapu kikubwa ambacho mafundi wanakiita kaburini. Mfaume alianza kuniita Bibi Hakimu. Kila akipita huniuliza kama leo nimezika wangapi, nami uso hunichoma nikajifanya natazama vitundu.

Tatizo lilianza siku ya tatu tu ya kazi. Niliingiza mkono katika kiatu cha kushoto, nikakuta mahali penye kidole kidogo pana mfuko, turubai limelegea. Nilikitia kaburini. Kilichofuata cha kushoto kilikuwa hivyo hivyo, na kile cha namba ndogo, na kile cha namba kubwa. Vya kulia vyote vilikuwa salama. Nilimweleza Mama Shehnaz kwa sauti ndogo mno, akanitaka nirudie. Alinieleza kwamba nafasi tupu ndani ya kiatu inaumiza vibaya kuliko hata pale panapobana, kwa kuwa mtu akikimbia turubai hujikunja pale, likamchuna, na mwisho likakatika. Mfaume alipotembea polepole kwenda Mbagala hakuweza kulijua hilo.

Kufika alasiri kikapu kilikuwa kimejaa. Mfaume hakutania tena. Alisema wazi kwamba mtoto wa shule ataifunga karakana kwa kidole chake, na kwamba yeye turubai analivuta sawa, anayebisha amuulize yeyote. Bwana Zoeb alipokuja, akaanza tena na turubai la Bombay. Lakini dada yake alimkatiza, akaagiza kalibu ya kushoto iletwe mezani. Sote tukaiona. Palipo na kidole kidogo palikuwa na uvimbe uliotoka nje, na kidole chenyewe kimelala upande. Kalibu zote za kushoto zilikuwa na uvimbe huo.

Hapo ndipo nilipoelewa kwamba kwa kuvizika viatu vile nilikuwa naizika kazi ya baba.

Aliitwa. Bwana Zoeb hakumvunjia heshima. Alimwita Mzee Fransis, akasema ni jambo dogo, apitishe tupa hapo na msasa, kesho kazi iendelee. Baba alikataa. Alisema mguu ndivyo ulivyo. Bwana Zoeb akauliza mguu wa nani ulio hivyo, mbona wa baba mwenyewe hauko hivyo, wa Mfaume hauko hivyo. Baba aliichukua kalibu mezani, ile ya kwanza aliyoichonga, akaitia kwapani. Bwana Zoeb alisema basi, wanafunzi hawawezi kukimbia na mguu wa mtu mmoja asiyejulikana. Akampa mpaka Jumamosi. Ikifika Jumamosi uvimbe haujaondoka, ataagiza kalibu nyingine Nairobi, na kazi ya baba itakuwa imekwisha.

Njiani kurudi nyumbani nilitembea nyuma yake. Nilitaka kumwomba radhi lakini sikujua radhi ya nini, kwa maana kiatu kilikuwa kibaya kweli. Tulipofika mlangoni ndipo aliposema, bila kugeuka, kwamba nimekagua vizuri. Mama aliposikia habari yote alilia, akamwambia baba kwamba kiburi kimeshamtoa mtu mmoja katika nyumba hii, sasa kinataka kututoa wote. Baba alitoka nje akaketi na kalibu yake mapajani.

Ijumaa nilipotoka kuchota maji nilikuta kalibu ile imebaki juu ya kigoda uani. Baba alikuwa ametoka. Niliichukua nikafanya kama nilivyofundishwa, nikafumba macho. Nilianza kisigino. Nyuma yake nilikuta mfuo mwembamba, kama kovu. Nilipita kwenye unyayo, ambao una upinde mkubwa. Nilifika kwenye kidole gumba, kisha vingine, kisha kile kidogo kilicholala upande. Mkono wangu ukasimama.

Kaka, niliuosha mguu ule. Unakumbuka ulipopiga mzizi wa mkorosho kule Mbagala ukidhani ni mpira? Kidole kilivunjika, ukanikataza nisiseme, nikakuosha kwa maji ya chumvi na kukufunga kwa utepe wa nywele zangu, na kidole kikapona vibaya. Na lile kovu la kisigino ni la jembe, la mwaka tuliohama kutoka Newala. Baba amechonga mguu wako.

Nimelifikiri sana jambo hili na nadhani nimelielewa, nisamehe kama najifanya mwenye akili. Mtu mwingine akiambiwa achonge mguu angechonga mguu tu. Baba na wazee wake hawajui kuchonga hivyo. Kila sanamu aliyowahi kuichonga ilikuwa mtu fulani, hata zile za mabaharia, huyu ni jirani, yule ni bibi fulani wa Newala. Alipoambiwa achonge mguu, mikono yake ikamwuliza wa nani, na huo ndio uliokuja. Wewe hukuwapo aupime. Aliujua kwa moyo, mpaka kovu. Na ni yeye yule ambaye, siku ulipobadilisha tezo la babu kwa viatu vya kuchezea mpira, alikuambia mbele yetu sote kwamba mguu wako usikanyage tena kizingiti chake.

Aliporudi alinikuta bado nimeishika. Sikuwahi kumwambia baba jambo la aina hii maishani mwangu. Nilimwambia kwamba kidole hiki nakijua. Nilidhani atakasirika. Aliichukua kutoka mikononi mwangu, akaigeuzageuza, akasema upinde wa unyayo huenda amekosea kidogo, kwa kuwa mtu akibeba mizigo mizito mguu hushuka. Kaka, hakuna aliyemwambia kwamba unabeba mizigo. Kisha akasema kwamba kitabu cha jiografia nisikiache juu ya kitanda, mama atakifuta vumbi na karatasi itaanguka.

Siku ile ile alirudi karakanani. Mfaume alinisimulia kwamba baba alipitisha tupa kwenye kalibu zote za kushoto, moja baada ya nyingine, na alipomaliza akamwambia Bwana Zoeb kwamba sasa ni miguu isiyo na mwenyewe, wanafunzi waivae salama. Akaomba jambo moja, kwamba ile ya kwanza asiiguse, ibaki kwake nyumbani. Bwana Zoeb alimtazama dada yake, dada yake akaitikia kwa kichwa. Jumamosi kazi ikaendelea. Nimekagua vya kushoto vipya, na mkono wangu haukukuta kitu. Mfaume amerudia utani wake, ila sasa huniuliza kama kuna aliyefufuka.

Jibu ni kwamba yupo. Mama Shehnaz aliniambia nichague jozi moja, cha kushoto kaburini na mwenzake wa kulia, kwa kuwa nyingine zitafumuliwa ili soli zitumike tena. Nilichagua ya namba yako. Kwa mtu mwingine yeyote duniani kile cha kushoto ni kibovu. Nilitaka kukutumia kwa posta, na jana nilipokuwa nikiifunga kwa karatasi baba alikuja akasimama mlangoni. Akanikataza. Alisema fundi hawezi kujua kama amekosea kwa kutuma kiatu kwa posta. Ni lazima mguu uingie ndani ya kiatu na yeye anatazama. Halafu akasema nikuandikie, na maneno yake nayaandika kama alivyoyasema bila kuongeza langu: "Mwambie alete huo mguu."

Hayo ndiyo niliyoagizwa. Viatu nimeviweka juu ya sanduku, kalibu iko dirishani, na mama tangu jana anafagia chumba chako ingawa hakuna vumbi. Tezo la babu usijali, hakulitaja.

Wasalimie wachezaji wenzako, na mama mwenye nyumba wako ambaye Gaspar alisema anakupikia vizuri. Mama anakusalimu, safari hii kwa kinywa chake mwenyewe. Shule inafunguliwa wiki ijayo, lakini Jumamosi nitakuwa karakanani, ukipita hapo kwanza nitakusikia. Uje salama.

Mimi mdogo wako akupendaye,
Yuliana Fransis