Baba Asionekane Sokoni

Darbhanga,
siku kumi kabla ya sikukuu ya Chhath

Kwako Dada Madhuri,

Salamu nyingi zikufikie wewe, shemeji na wanao hapo Surat. Goti lako linaendeleaje? Mimi ni mzima, tena nimenenepa kidogo. Baba yupo kitandani kama unavyojua, naye anakusalimu.

Umeniuliza habari za kesi, nami nimekuwa mvivu wa kuandika, kwa hiyo nianzie mwanzo. Tribhuvan alipofungua shauri la talaka kule kwao Kota, nilitakiwa nifike kila tarehe, siku moja na nusu ndani ya treni. Mwanamke hasafiri peke yake safari ile, na wa kunisindikiza alikuwa Baba tu. Alipofikiria siku ambazo duka lake la bangili lingefungwa, akanuna. Ndipo akapata hila. Alimwambia wakili wangu tuiombe Mahakama ya Juu kule Delhi ihamishie kesi huku kwetu, na tuandike kwamba baba mtu kapooza, hainuki, na binti hana mwanamume wa kumsindikiza. Alicheka mwenyewe hadi akakohoa.

Ombi likakubaliwa. Lakini wakili akatuonya kwamba wenzetu wa Kota wana macho kila mahali, na Baba akipigwa picha sokoni kesi itarudi Kota, nasi tutashtakiwa kwa kiapo cha uongo. Basi Baba akalala. Mchimba kisima huingia mwenyewe. Nikachukua ufunguo wa duka, majirani nikawaambia ni kiharusi na daktari amekataza wageni.

Sasa ni miezi kumi na minne. Miguu yake imekuwa vijiti. Namkanda kwa mafuta ya haradali, namlisha wali na dengu, beseni la haja natoa mimi. Siku hizi ananiita mwanangu, neno ambalo sikulisikia tangu Mama afe. Kila jioni huuliza tarehe ya kesi, nami humwambia wameahirisha. Juzi aliwasikia wanawake wakiimba nyimbo za Chhath uani kwa jirani, akalia. Akanishika mkono.

"Kumud, niache nishuke mtoni nikaliabudu jua na wenzangu, mara moja tu. Nifunike shali, nani atanijua?"

Unakumbuka, Dada, nilivyorudi nyumbani mara ya kwanza, meno mawili hayapo? Na wewe ulivyorudi na mimba yako? Alitupandisha treni asubuhi yake, akisema binti huingia kwa mumewe kwa machela ya arusi, hutoka kwa jeneza. Mimi alinirudisha mara mbili. Ya tatu alishindwa kwa kuwa Tribhuvan alikuwa keshafungua shauri.

Nikamvutia shuka hadi kidevuni, nikamjibu kwa maneno yake ya siku ile ya meno.

"Vumilia, Baba. Kila nyumba ina yake."

Dada, talaka nilipewa tangu mwezi wa sita. Tribhuvan alichoka na safari, akakubali kila tulichotaka. Hukumu ninayo, iko chini ya godoro analolalia Baba.

Ukipiga simu, msalimie kwa adabu, umuulize hali yake. Akiuliza kesi, mwambie tunasubiri tarehe.

Wabusu watoto. Bangili za kijani ulizoagiza nimeshazituma.

Mdogo wako akupendaye,
Kumud