Kwa Baba Seremala, Uliyepatana na Jirani Usituambie Sababu

Ni mwaka sasa, Baba, tangu ulale na kipimo cha utepe mfukoni usiamke tena. Karakana bado inanukia mbao. Mama hajaruhusu mtu afagie chini ya meza yako.

Ulikuwa na moyo mwema, ila hukumwamini mtu upesi. Ubao aliokwisha kuupima mwenye duka uliupima tena mbele yake. Chai ya ugenini hukuionja mpaka mwenyeji aanze. Wateja walikuita Mzee Kagua, nawe ukacheka. Viti vya wajane ulivitengeneza bure, huku umekunja uso wasije wakakushukuru.

Ndiyo maana tulishangaa. Jirani yetu mwokaji mikate alikushtaki kwa sababu ya kichochoro kati ya karakana na tanuri lake. Hakimu akawaambia mjaribu usuluhishi kwanza, nawe ukaenda shingo upande. Ulimuuliza msuluhishi yuko upande wa nani. Akasema hana upande wala hatoi hukumu, mtaamua wenyewe.

"Basi wewe umekuja kufanya nini?" ukamuuliza, na wakili wako akainama kuficha kicheko.

Mama na mimi, binti yako wa kwanza, tulisikia hayo mlangoni, kisha tukangoja kwenye benchi nje. Mlango ulipofunguka mlitoka pamoja, wewe na mwokaji, macho mekundu. Wewe ulikubali kuondoa mbao zako kichochoroni, yeye kuinua bomba lake la moshi. Mahakama ikasajili makubaliano, kesi ikaisha. Sisi tukasema umetishwa, kama hukurogwa. Mama alikuhoji njia nzima.

"Tumemalizana, mama watoto," ukasema, na hukuongeza neno.

Tangu hapo tulimchunga yule mwokaji. Bomba aliliinua kweli, na hilo likatutia shaka zaidi. Alipoleta mikate msibani kwako, Mama hakuigusa. Kikulacho ki nguoni mwako, alisema.

Mwezi uliopita mwokaji alikuja, akakataa kuketi. Alisema ugomvi wenu haukuwa wa kichochoro tu. Alipomzika mkewe hakukuona makaburini, na jambo hilo lilimchoma. Mle chumbani msuluhishi alimuuliza nini hasa kinamuuma, akakitaja. Nawe ukamjibu kwamba ulikwenda, ila ulibaki nje ya ukuta, kwa kuwa mlikuwa hamsemezani na uliogopa kufukuzwa mbele za watu. Mkaahidiana yabaki mle ndani.

"Mbona unatuambia leo, ilhali wa kukanusha hayupo?" Mama akamuuliza.

"Kwa sababu kila nikifungua mlango wangu mnanitazama kama mwizi."

Mama akamtega: wewe, Baba, ulisema ulivaa nini siku hiyo? Koti lako la harusi, akajibu, na jua lilikuwa kali. Mama aliikumbuka siku hiyo. Ulilitoa koti sandukuni kwenye joto lile, ukasema unakwenda kwa mteja, naye akaishi na wivu wake wiki nzima.

Baba mdogo anasema mwokaji huenda alikuona barabarani tu. Mama alimsogezea mgeni kiti siku ile ile.

Unakumbukwa na mkeo, binti zako wawili, mdogo wako ambaye bado ana shaka, wajukuu, na mafundi wa karakana. Mwokaji naye aliomba atajwe. Tulibishana sana, mpaka Mama akasema, "Mwandikeni. Huyu asibaki nje."

Hutatutoka moyoni, Baba, daima.