Toshi Amepewa Mtu Mwingine

Rosettenville, Johannesburg
Jumatano

Mama yangu,

Shikamoo. Goti linaendeleaje? Ulisema unalipaka mafuta ya karafuu na unaona nafuu, lakini nakujua, wewe hata ukichechemea utasema unatembea kwa madaha. Mimi mwili mzima, alhamdulillahi, ila wiki ya tatu sasa nipo tumbo joto, na kukuficha siwezi.

Barua hii anakuletea Bi Saumu, jirani yangu mwenye duka la vitenge, anayekuja huko Tanga harusini. Ningepiga simu, lakini simu yako siku hizi mwenyewe ni Zuhura. Anaipokea yeye, anaiweka sauti kubwa, na kila ninachosema mwanangu anakisikia. Haya ya leo nataka uyasome peke yako kwanza, miwani machoni na mlango umefungwa.

Kazi yangu unaijua, ingawa majirani mpaka leo unawaambia nipo ofisini. Naingia kwenye kachumba kadogo ka studio pale Doornfontein, kuta zimebandikwa sponji kama ya godoro, navaa hedifoni, namsikia yule mama wa Japani anayemsemea Toshi kwa Kijapani, nami namsemea kwa Kiswahili. Toshi wa kwenye katuni ana miaka tisa, mwongo kupindukia, anaishi juu ya duka la tambi. Sura ya yule mama siijui. Lakini miaka mitano sauti yake imekaa masikioni mwangu kuliko ya mtu yeyote, wewe ukiwemo. Akiwa na mafua najua. Najua pia kwamba Toshi akitaka kudanganya, yeye huvuta pumzi mbili fupi kwa pua, kama mtu anayenusa mchuzi, ndipo uongo utoke. Nami nikajifunza kuzivuta.

Mwezi uliopita zikaja sehemu mpya za katuni. Nikavaa hedifoni, Toshi akafungua mdomo, akatoka mtu mwingine. Nilidhani ni mashine. Nikamwita Didier, fundi wetu wa sauti, Mkongo wa Lubumbashi. Akasikiliza, akapandisha mabega.

“Mama, ni Toshi tu. Tuendelee.”

Hakuna aliyegundua isipokuwa mimi. Nikamsumbua Mutua, yule Mkenya anayefundisha chuo na kututafsiria maneno, mpaka akaenda kusoma habari za huko kwa Kijapani. Alinieleza kesho yake tukinywa chai. Kumbe yule mama alianza na maigizo ya jukwaani, akakosa nafasi, akawa anarekodi matangazo ya lifti za maduka makubwa: ghorofa ya tatu, vyombo vya jikoni. Alikuwa ameshapita miaka thelathini ndipo akapewa mvulana wa kumsemea. Kule wavulana wengi husemewa na wanawake, maana sauti ya mwanamke haivunjiki kazi ikiwa katikati. Toshi amekuwa naye miaka ishirini na kitu. Sasa koo limegoma.

“Hajakufa,” Mutua akasema alipoona macho yangu. “Aliomba mwenyewe watafute mwingine akiwa bado yuko, ndio amsikize. Na unajua vile huko studio wanakaa, wale wachanga wa kazi wanawekwa karibu na mlango, wafungulie wakubwa. Siku ya kwanza ya huyo mpya, mama alikuja akakaa hapo mlangoni.”

Mama, nililia mbele za watu, kikombe mkononi.

Kumbe nilipaswa kujililia mwenyewe. Sauti mpya ni nyembamba na ina haraka, na wenye katuni wanataka Toshi wa kila lugha afanane nayo. Nikaingia kurekodi. Toshi akataka kudanganya, nikavuta pumzi zangu mbili. Didier akasimamisha.

“Non, Mama. Ile pumuzi haiko. Huyu mupya anasema tu moja kwa moja. Turudie.”

Tukarudia, nikavuta tena. Mara ya nne nilijibana pua kwa vidole, uongo ukatoka kama wa mtoto mwenye makamasi. Tulipokwenda bila kujibana, pumzi zikanichelewesha, mdomo wa Toshi ulikuwa umeshafumbwa na mimi bado nasema. Sentensi yenyewe maneno sita. Didier ni mtu wa utani, lakini siku ile hakutania, na hapo ndipo nilipoogopa.

Wakaitisha majaribio. Mimi, na binti wa Mwanza anayeitwa Neema, mwanafunzi hapa, ambaye kila sentensi lazima aitie ile eish ya watu wa hapa. Sauti anayo, siwezi kumdhulumu. Alipoingia kurekodi, mimi sikukaa mlangoni. Nilijifungia chooni nikafungua bomba la maji nisimsikie. Sina roho ya yule mama, na naona haya kukuandikia hivyo. Alipotoka alinitafuta.

“Dada Mwanahamisi, usinichukie. Toshi mwenyewe nimejifunza kwa kukusikiliza wewe. Eish, niliogopa humo ndani.”

Nikamjibu sharp, yaani haya sawa, kama wanavyojibu hapa, kwa sababu Kiswahili kilinikwama.

Alhamisi

Niliiacha barua jana nikisubiri jibu. Limekuja. Toshi amepewa Neema. Mimi nitamsemea bibi wa duka la tambi, pamoja na makelele ya sokoni. La kuvunda halina ubani. Kazi ipo, kwa hiyo hilo lisikunyime usingizi.

Kinachoninyima mimi ni Zuhura. Nilimwacha ana miaka mitatu, sasa ana minane. Kila nikipiga simu, kabla ya shikamoo, ananiambia, “Ongea kama Toshi,” nami naongea kama Toshi mpaka simu inakatika, hata nikisema na wewe. Namuuliza shule kwa sauti ya Toshi, namgombeza asipotaka kuoga kwa sauti ya Toshi. Ilikuwa rahisi, akicheka sikumbuki umbali. Na wewe uliniambia anavyowakusanya watoto wa jirani kila jioni mbele ya televisheni, anawatambia, “Mnamsikia? Huyo mama yangu.” Sehemu za Neema zinaanza mwezi ujao. Mtoto huyo masikio kayarithi kwangu, atajua kabla ya neno la pili, na wenzake wote wamekaa hapo.

Nilitaka kukuomba uchomoe waya wa king'amuzi useme kimeharibika. Niliandika kabisa, nikafuta; ndiyo mikwaruzo ya kalamu unayoiona pembeni. Kisha nikataka umwambie wewe, maana maneno magumu unajua kuyalainisha. Hilo nalo nimeliacha. Bi Saumu anapanda ndege kesho, kwa hiyo Jumapili saa kumi jioni nitapiga mwenyewe. Ninachokuomba ni umkalishe karibu nawe, watoto wa jirani wasiwepo.

Shangazi Tatu mwambie bagia za huku hazifui dafu mbele ya zake. Mjomba Athumani, fundi baiskeli wetu, mpe salamu na umkumbushe dawa yake ya presha. Mwalimu wa madrasa wa Zuhura naye nisalimie, Mungu amzidishie subira.

Mama, leo nimesimama chumbani nikajaribu kusema, “Zuhura, ni mama,” kwa sauti yangu hii. Nimerudia mara nyingi. Imekuwa nzito, na mtoto hajaisikia tangu ana miaka mitatu. Akikuuliza huyo kwenye simu ni nani, mwambie ni mimi.

Mwanao,
Mwanahamisi