Msirudishe Picha Yenye Ukungu

Wanangu,

Chakula kiko jikoni, kipasheni moto. Runinga msiizime, na rimoti msiiguse!

Asubuhi nilikuwa natazama nyimbo za filamu za zamani za Kihindi, baba yenu akanicheka: “Mke wangu, unatazama ukungu?” Akapandisha ubora wa picha hadi 1080. Ukungu ukatoweka. Mcheza dansi aliye nyuma ya mwimbaji, mwenye kovu kidevuni, ni bibi yenu! Mama yangu mzazi! Miaka yote anatuambia alikuwa akiwashonea wacheza filamu nguo tu.

~~Msimwambie mtu.~~ Mwiteni mama mdogo aje aone.

Nimempigia bibi simu, nikamwambia nimemwona. Akauliza tu, “Nilicheza vizuri?”

Nimekwenda kumleta ajionee.

Mama