Ulimwita Sumaili

Kabambare, tarehe 11 Agosti 1957

Kwa mutoto wangu mupendwa Marcellin, kule Leopoldville,

Nakusalimia sana, mwanangu. Baba yako Zéphirin anakusalimia, muguu ungali unamuuma lakini shambani anafika. Dada yako Julienne anakusalimia, na bwana yake François, na mutoto wao Louise ameota meno sasa, anauma kila mutu. Jirani Clémentine iko hapa ananishika mukono, anasema nisimusahau. Wewe na muke wako Cécilia muko wazima? Unakula? Kifua kimepona? Sisi tuko, tunashukuru Mungu, lakini roho yangu haiko mahali pake.

Mwaka ule wa kwanza ulipotangaza mbio kubwa ya miguu ya Leopoldville mu redio, baba yako alizunguka nyuma ya sanduku la redio pale ku poste ya serikali, akutafute. Tulicheka! Tangu pale, kila mwaka mbio ikifika tunavaa nguo za misa, watu wanatoka mpaka kijiji cha Lusangi kuja kukusikia. Ulianza kijana, sasa wanasema una mvi, na mimi wananiita Mama Redio.

Mwaka huu ulisema Sumaili, mutoto wa Aziza, mutoto wa hapa kwetu, iko mbele. Ee, kelele! Aziza alirusha kitambaa yake ya kichwa juu. Halafu ukasema miguu yake inayumba. Ukaacha Kiswahili, ukamwita na Kibangubangu chetu, asisimame, mama yake iko anasikia. Wote tulipiga mikono. Mimi pia nilipiga.

Kisha ukasema ameanguka. Kisha ukanyamaza, wakaweka muziki.

Kesho yake karani wa poste alikuja kuambia Aziza kwamba mutoto amekufa palepale njiani, na wamemuzika kulekule.

Marcellin, ulipokuja konje kupumzika ulituambia mwenyewe, sauti yako inatoka mu vipaza-sauti njia nzima, wakimbiaji wanaisikia. Watu hawajasahau. Ku kisima nikifika wanainua mitungi yao, wanaenda. Gaston, mujomba wa Sumaili, alitema mate mbele ya mulango wetu: «Mutoto wenu amekimbiza wetu mpaka kaburini, na yeye amekaa ku kiti!» Baba yako alichukua maji, akaosha pale.

Nilienda kwa Aziza na unga. Niliogopa, nikasema atanifukuza. Akanikalisha ku mukeka wake. Akaniuliza tu: «Mama Marcellin, alipoitwa na luga yetu, alicheka? Tangu mudogo, ukimwita vile, lazima acheke.»

Mimi sikumwona. Ni wewe ulimwona.

Umwandikie Aziza, mwanangu, si mimi. Kama alicheka, umwambie. Kama hakucheka, umwambie vilevile, usimudanganye, atajua. Kaburi hawezi kufika. Amebaki na wewe tu.

Na mimi unitumie hata neno moja. Mu redio sasa anasema mutu mwingine, sijui kama uko muzima, sijui kama wamekufunga kwa sababu ya siku ile.

Umusalimie Cécilia, asikuache peke yako na mawazo. Mungu akuwekee mukono juu ya kichwa, pale wangu haufiki.

Ujibu mbio, baba. Motokari ya barua ikilia tu, Aziza iko ananipita njiani, anakimbilia barua yako.

Mimi mama yako nakupenda vile ulivyo,
Ernestine